ADABU KABLA YA TANDIKO: Historia ya Kumfundisha Farasi Kabla ya Kumpanda



Sifa zote njema ni za Allah (S.W), Mola wa viumbe vyote, na rehma na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W), ahli zake na Sahaba zake wote. Ama baad.

Ndugu wazazi na wanafunzi wetu, huenda mada ya leo ikawashangaza baadhi yenu. Farasi si mnyama tunayekutana naye njiani hapa Kinama. Tumezoea ng'ombe, mbuzi na kuku, na mizigo yetu inabebwa na baiskeli na pikipiki. Hata hivyo kila mtoto anayesoma chuoni huhifadhi Suratul-'Aadiyaat akiwa bado mdogo, nayo ni sura ambayo Allah (S.W) ameapa ndani yake kwa farasi wanaokwenda mbio. Tunapoifasiri sura hii, wanafunzi hutuuliza maswali mawili. La kwanza: mnyama mwenye uzito wa kilo 400 na zaidi, mwenye uwezo wa kumuua mtu kwa teke moja, alikubali vipi kumbeba mwanaadamu? La pili: kwa nini hatuko naye huku kwetu?

Tutajaribu kuyajibu yote mawili, inshaAllah. Na ndani ya majibu tutakuta jambo linalotuhusu sisi tunaolea watoto kuliko linavyowahusu wapanda farasi.

MANENO MATATU YALIYOTOKA ZIZINI

Tuanze na lugha, kwani lugha hutunza historia ambayo watu wameshaisahau.

Neno la kwanza ni adabu. Katika Hadithi iliyopokewa kutoka kwa 'Uqba bin 'Aamir (R.A), iliyomo katika Sunan ya Abu Daud na ya Tirmidhi, Mtume (S.A.W) alitaja michezo michache ambayo si ya upuuzi: kulenga shabaha kwa upinde, mtu kumfundisha farasi wake, na kucheza na mke wake. Neno lililotumika kwa kumfundisha farasi ni ta'diib, yaani kumtia adabu. Ni neno lile lile tunalolitumia kwa mtoto.

Neno la pili ni riadha. Leo ukisema riadha, mtu anafikiria mbio za uwanjani. Lakini kwa Waarabu asili ya neno hili ni kumzoeza mwana-farasi mpaka akubali kupandwa. Imam Ghazali, aliyefariki mwaka 1111, alipoandika Ihyaa 'Uluumid-Diin alikiita kitabu kimoja ndani yake Riyaadhatun-Nafs, yaani kuizoeza nafsi. Humo anawajibu wanaodai kwamba tabia ya mtu haibadiliki. Anawaambia watazame wanyama: mwewe wa porini huzoea mkono wa mtu, mbwa wa kuwinda hujizuia asile alichokikamata, na farasi mkaidi hugeuka akawa mtiifu. Ikiwa mnyama hubadilika, vipi mwanaadamu ashindwe?

Neno la tatu ni siasa. Wengi watashangaa hapa. Kwa Kiarabu mtunza farasi huitwa saa'is, na Kiswahili kimelichukua neno hilo kuwa saisi. Siasa inatoka katika mzizi huo huo wa kuangalia na kuongoza farasi. Kiswahili cha zamani kililitumia neno siasa hata kwa maana ya upole na uangalifu, na mtu aliyefanya jambo kwa siasa alikuwa amelifanya kwa utaratibu, bila pupa. Tukiongeza hatamu na lijamu, tunaona kwamba maneno ya farasi yalifika kwetu kabla ya farasi wenyewe. Hadi leo tunasema fulani ameshika hatamu za uongozi, na msemaji hajapata kuishika hatamu yenyewe mkononi. Hata Kirundi kina neno ifarasi.

Adabu, riadha na siasa: malezi, mazoezi na uongozi. Yote matatu yamepita zizini, na yote yanamhusu mtu aliyesimama chini, ubavuni mwa mnyama, kabla hajafikiria kumpanda.

FARASI KATIKA ZAMA ZA MTUME (S.A.W)

Katika Sahih Muslim, Jarir bin Abdillah (R.A) anasimulia kwamba alimwona Mtume (S.A.W) akiyasokota kwa kidole chake manyoya ya paji la uso la farasi, huku akieleza kwamba kheri imefungamanishwa na mapaji ya farasi mpaka Siku ya Kiyama. Na katika Muwatta ya Imam Malik imepokewa kwamba alionekana akimpangusa farasi wake uso kwa nguo yake. Wanafunzi wetu wazingatie: aliyekuwa akifanya haya ni kiongozi wa umma na amiri wa jeshi. Hakumwachia mtumishi kazi ya kumgusa mnyama wake.

Bukhari na Muslim wamepokea kutoka kwa Abdullah bin Umar (R.A) habari za mashindano ya farasi mjini Madina. Farasi waliokuwa wameandaliwa walikimbizwa kutoka Hafyaa mpaka Thaniyyatul-Wadaa', umbali wa kama maili 5 au 6. Wasioandaliwa walikimbizwa kutoka hapo Thaniyya mpaka msikiti wa Bani Zurayq, kiasi cha maili 1 tu. Ibn Umar mwenyewe alikuwa miongoni mwa walioshindana.

Maandalizi hayo yaliitwa tadhmiir. Farasi alilishwa vizuri mpaka akanenepa, kisha chakula chake kikapunguzwa kidogo kidogo, akafungiwa ndani na kufunikwa nguo nzito ili atoke jasho, mafuta yapungue na nyama ikaze. Kazi yote hiyo ilifanyika kabla ya siku ya mbio, na mtu akiwa chini. Pia hakuna aliyemlazimisha farasi asiyeandaliwa kukimbia maili 6 na mwenzake. Kila mmoja alipewa umbali wake.

Kisa kingine kinamhusu mama yetu Aisha (R.A). Alipanda ngamia mgumu wa kuongozwa, akawa anamrudisha huku na huku kwa nguvu. Mtume (S.A.W) akamwelekeza kwenye upole, na akamfahamisha kwamba upole hukipamba kila kitu uingiapo, na ukiondolewa hukitia aibu. Hadithi hii imo katika Sahih Muslim. Mara nyingi tunaitaja katika mawaidha ya ndoa na ya ujirani, na ni vizuri kukumbuka kwamba tukio lenyewe lilikuwa la mnyama mkaidi.

NAMNA FARASI ANAVYOFUNDISHWA KUTOKA CHINI

Ili tuelewe kazi hii ni lazima tumfahamu farasi. Yeye ni mnyama wa kuwindwa. Silaha yake ya kwanza ni kukimbia, meno na kwato huja baadaye. Macho yake yako pembeni mwa kichwa, hivyo anaona karibu pande zote kwa mara moja, isipokuwa mbele kabisa ya uso wake na nyuma ya mkia wake. Kitu chochote kinachomrukia mgongoni, katika maumbile yake, ni simba. Basi mtu anayemrukia farasi asiyefundishwa na kukaa mgongoni anafanya kile hasa ambacho mnyama huyu ameumbwa akiogope.

Kwa sababu hiyo wajuzi wa farasi, tangu zamani hadi leo, hupita hatua zifuatazo:

1. Kuzoeana. Mkufunzi humwendea farasi kwa upande wa bega, mahali anapoonekana, bila haraka. Humwacha amnuse. Siku za mwanzo hakuna kazi nyingine.

2. Kamba ya kichwani. Farasi hufundishwa kuongozwa. Mkufunzi huvuta kidogo, na farasi akisogea hata hatua moja, kamba hulegezwa papo hapo. Hapa ndipo penye siri ya kazi yote. Farasi hufundishwa na kule kulegezwa, kwa sababu ndiko kunakomwambia kwamba amepatia. Mkufunzi anayevuta na kuendelea kuvuta hata baada ya farasi kutii, anamfundisha kwamba kutii hakuna faida.

3. Kuguswa. Mkono hupita shingoni, mgongoni, tumboni na miguuni, mpaka farasi akubali kuinua kwato zisafishwe.

4. Kuzoea vitishio. Huoneshwa nguo inayopepea, husikilizishwa kelele, huku mkufunzi mwenyewe ametulia. Farasi hutazama utulivu wa aliye karibu naye ndipo naye atulie.

5. Kamba ndefu. Farasi huzunguka duara na mkufunzi yuko katikati. Hujifunza kwenda, kugeuka na kusimama kwa sauti na ishara.

6. Tandiko na lijamu. Kwanza huwekewa kitambaa chepesi mgongoni, kisha tandiko lisilokazwa, kisha hukazwa taratibu. Lijamu huingizwa mdomoni bila kugonga meno.

7. Uzito. Mtu huegemea mgongoni kwa tumbo, hushuka, hurudia siku nyingine. Mwisho hukaa, na msaidizi bado ameshika kamba chini.

Farasi wengi huanza kubeba mtu wakiwa na umri wa miaka 2 hadi 4, na wenye hekima hawawabebeshi sana hata hapo, kwani mifupa ya mgongo huchelewa kukomaa mpaka kama miaka 5 au 6. Anayefanya haraka hupata farasi wa kupanda mapema, na hupata pia farasi mgonjwa wa mgongo mapema.

Ipo njia nyingine, na historia imeiona. Katika nyanda za magharibi ya Marekani, karne ya 19, farasi walikuwa wengi na muda ulikuwa mchache. Mara nyingi farasi alifungwa kamba, akatiwa tandiko kwa nguvu, na mtu akampanda mpaka mnyama akachoka kurukaruka. Njia hiyo ilimaliza kazi kwa siku chache. Lakini wengi wa farasi hao walibaki na hofu, na walirusha watu kila walipopata nafasi. Mnyama alikuwa amechoka, na kuchoka si kufundishika.

KUTOKA BAGHDAD HADI MISRI

Waislamu waliifanya kazi hii kuwa elimu yenye vitabu, wakaiita furuusiyya. Mmoja wa waandishi wake wa mwanzo ambao vitabu vyao vimetufikia ni Ibn Akhi Hizaam, aliyesimamia mazizi ya farasi ya Khalifa al-Mu'tadhid mjini Baghdad. Khalifa huyo alitawala kuanzia mwaka 892 hadi 902. Baadaye hata mwanachuoni mkubwa wa Damascus, Ibnul-Qayyim, aliyefariki mwaka 1350, aliandika kitabu kizima juu ya furuusiyya.

Misri ya Mamluki (1250–1517) inatupa mfano wa kuvutia zaidi. Vijana walionunuliwa wakiwa wadogo na kuletwa katika ngome ya Cairo hawakupewa farasi siku ya kwanza. Mwanahistoria al-Maqrizi anaeleza kwamba walianza na Qur'ani, kuandika na adabu za dini, kila kundi likiwa na mwalimu wake. Walipokua ndipo wakaingia katika mafunzo ya farasi. Na hapo pia walianza na sanamu ya farasi, ya mbao, udongo au jiwe. Kijana alijifunza kuirukia na kushuka, kwanza bila tandiko kisha kwa tandiko, mpaka mwili wake ukazoea. Ndipo akaletewa farasi wa kweli.

Kwa hiyo farasi alifundishwa na mtu aliyesimama chini, na mpandaji naye alifundishwa akiwa bado yuko chini. Walikutanishwa baada ya kila mmoja kupata adabu yake.

Waarabu wa jangwani hawakuwa na ngome wala vitabu, lakini walifika mahali pale pale. Mwana-farasi alikulia karibu na hema, watoto wakimchezea. Lady Anne Blunt, Mwingereza aliyesafiri na kuishi kati ya makabila ya mto Furati mwaka 1878, alishangazwa na kuona wakipanda farasi wao kwa kamba ya kichwani tu, bila lijamu mdomoni. Aliyelelewa kwa mazoea hakuhitaji chuma.

KWA NINI HATUKO NAYE HUKU KWETU

Sasa tujibu swali la pili. Al-Mas'udi, msafiri wa Baghdad aliyefika pwani ya Afrika Mashariki mwanzoni mwa karne ya 10, aliandika kwamba watu wa huku hawana farasi, na kwamba hupanda ng'ombe na kuwatia matandiko na hatamu. Kazi ya kumzoeza mnyama waliijua, basi. Aliyekosekana ni farasi.

Sababu kubwa ni maradhi. Mbung'o hueneza nagana, na visubi hueneza ugonjwa mwingine ambao huua farasi wengi wanaoupata. Ndiyo maana farasi waliishi zaidi visiwani na katika nyanda za juu zenye baridi.

Zanzibar walikuwepo. Sayyid Said bin Sultan, aliyefariki mwaka 1856, alikuwa na mazizi yake. Binti yake Sayyida Salme, aliyezaliwa Mtoni mwaka 1844, alieleza katika kumbukumbu zake zilizochapishwa mwaka 1886 kwamba watoto wa jumba, wavulana kwa wasichana, walifundishwa kupanda wakiwa wadogo, na kwamba punda weupe wa Maskati walithaminiwa sana. Mwaka 1840 Sayyid Said alipeleka meli yake, Sultanah, mpaka New York chini ya nahodha Ahmad bin Na'aman, na miongoni mwa zawadi alizompelekea Rais wa Marekani walikuwemo farasi 2 wa Kiarabu. Fikirini, wanafunzi wetu: farasi anayesimama ndani ya jahazi kwa muda wa miezi, katika mawimbi, akipokea maji na majani kutoka mkononi mwa mtu. Safari ya namna hiyo haimfai mnyama asiyemwamini mtunzaji wake.

Lakini farasi alipotolewa kisiwani na kuingizwa bara, mambo yalikuwa mengine. Ndugu mnaopita barabara ya kuelekea Rumonge mnalijua jiwe la Mugere, linalokumbusha kwamba Livingstone na Stanley walilala pale Novemba 1871. Stanley alipoanza safari yake Bagamoyo mwaka ule alikuwa na farasi 2, mmoja wao wa Kiarabu aliyepewa zawadi na Sayyid Barghash. Wote wawili walikufa muda mfupi baada ya kuondoka pwani. Yeye alifika Ujiji kwa miguu na kwa punda, na huku kwetu alikuja kwa mtumbwi. Kwa hivyo si kwamba wazee wetu walikosa akili ya kumfuga farasi. Nchi ilimkataa mnyama.

Oman, ambako baadhi ya familia za Bujumbura zina jamaa zao, elimu hii ingali hai. Mwaka 2018 UNESCO iliorodhesha 'ardha ya farasi na ngamia ya Oman kuwa urithi wa mwanaadamu. Humo wapandaji wawili huenda mbio sambamba wakiwa wameshikana mikono, na wengine husimama juu ya migongo ya farasi wanaokimbia. Anayetazama dakika hizo chache haoni miaka ya kamba na subira iliyotangulia.

YANAYOTUHUSU SISI

Ndugu wazazi, tumeeleza habari hizi kwa sababu kila mwaka wako watoto wanaoacha chuo. Wengine huacha kwa sababu ya shida za nyumbani. Wengine huacha kwa sababu ya hofu. Mtoto wa miaka 5 analetwa leo, kesho tayari anadaiwa herufi, na keshokutwa ameona fimbo. Na wapo wazazi ambao bado hutuambia maneno ya kale, kwamba nyama ni ya mwalimu, wao wataridhika na mifupa. Wanasema kwa nia njema, wakidhani ukali ndio elimu.

Ibn Khaldun, aliyefariki mwaka 1406, ameweka mlango mahsusi katika Muqaddima yake juu ya madhara ya kuwakalia wanafunzi kwa ukali. Anaeleza kwamba mtoto anayelelewa kwa kushurutishwa huwa mzito, huingia uvivu, na hujifunza uongo na hila ili ajikinge na mkono ulio juu yake. Hofu ikizoeleka huwa ndiyo tabia yake. Tunamkumbuka hapa yule farasi aliyechoshwa: ametulia kwa nje tu.

Basi tuchukue mambo manne:

1. Siku za kwanza za mtoto chuoni ziwe za kuzoeana. Ajue jina la mwalimu, na mwalimu ajue jina lake na hali ya nyumbani kwao.

2. Mtoto akipatia hata herufi moja, alegezewe kamba hapo hapo. Neno zuri likichelewa, faida yake hupungua.

3. Kila mtoto apewe umbali wake. Madina hawakumpeleka Hafyaa farasi ambaye hajaandaliwa. Anayeweza mistari 5 na asome 5, na anayeweza 1 asome 1, wala wasifananishwe mbele ya wenzao.

4. Sisi wenyewe tutulie. Mtoto, kama farasi, hutazama uso wa mkubwa ajue kama kuna hatari.

Na asije mtu akatuelewa vibaya, akadhani tunasema mtoto aachwe afanye apendavyo. Farasi asiyefundishwa kabisa ni hatari kwa watu na kwa nafsi yake. Ta'diib ni kazi, tena ya kila siku, na kamba ipo mkononi muda wote. Wahenga walisema udongo upatize ungali maji. Lakini hata mfinyanzi hutia maji kwanza, ndipo akafinyanga.

Tunamuomba Allah (S.W) atujaalie upole katika malezi yetu, awape watoto wetu elimu yenye manufaa na adabu njema, na atusamehe mapungufu yetu. Aamiin.

Wabillaahi tawfiiq.